Muhogo Haukimbizwi: Safari ya Jikoni Tarime na Serengeti

Ndugu msomaji, ukitoka Musoma kuelekea mpakani Sirari, huna budi kuvuka Daraja la Kirumi. Chini yake unapita Mto Mara, ambao umetoka mbali, katika milima ya Mau huko Kenya, ukawanywesha nyumbu wa Serengeti, na sasa unajinyoosha kwa uvivu katikati ya mafunjo kabla ya kujimwaga katika Ziwa Victoria. Ng'ambo ya daraja barabara huanza kupanda. Joto la ziwani hupungua, migomba huongezeka, na ukifika mji wa Tarime alfajiri utajuta kuliacha koti lako nyumbani.

Wageni wengi hupita huku kwa haraka. Mmoja anakwenda Sirari kwa biashara, mwingine anakwenda Nyamongo kunakochimbwa dhahabu, na wa tatu anapitia Mugumu kwenda kuwatazama simba. Sisi hatukufuata dhahabu wala simba. Tulifuata chungu cha jikoni. Tulitaka kupata jibu la swali linaloulizwa katika nyumba nyingi ifikapo tarehe ishirini, wakati mshahara umekwisha na mwezi bado unao siku kumi: je, mtu mwenye fedha kidogo sana aweza kuilisha familia yake mlo wenye siha, au afya ni mali ya wenye nazo?

Wengi wetu hujibu upesi kwamba afya ni ya wenye nazo. Tunapolisikia neno "mlo kamili", mawazo yetu hukimbilia nyama ya kila siku, mayai ya trei, siagi, na matunda yaliyopangwa vizuri katika duka lenye vioo. Kwa kuwa vitu hivyo hatuviwezi, tunakata tamaa na kununua kinachojaza tumbo. Hapo ndipo kosa linapoanza. Safari hii ilituonyesha kosa hilo kwa namna ambayo hatukuitazamia.

SOKONI TARIME

Twende pamoja sokoni, msomaji. Tazama kwanza upande wa nafaka. Huu mwekundu, wenye punje ndogo kama za haradali, ni ulezi. Ule pale ni mtama. Vile vipande vyeupe vilivyojaa katika magunia ni makopa ya muhogo. Mama wa Kikurya hapiki ugali wa kitu kimoja pale anapoweza kuchanganya. Hutwaa makopa, akatia ulezi au mtama, akasaga pamoja. Ugali wake hutoka wenye rangi ya udongo, mzito, na ukiushika mkononi haumeguki ovyo.

Mgeni wa mjini hukunja uso auonapo, kwa kuwa amezoeshwa kuamini kwamba ugali bora ni ule mweupe kama chaki. Lakini rangi ile ina maana yake. Unga wa muhogo mtupu hutia nguvu, ila chakula cha kujenga mwili ndani yake ni haba mno: katika gramu mia moja hakuna zaidi ya gramu mbili hivi za protini. Mtama una kama gramu kumi, na ulezi kama saba. Tena ulezi una hazina nyingine ya chokaa inayojenga mifupa na meno, kiasi cha miligramu mia tatu na zaidi katika gramu mia, ambacho ni zaidi ya mara kumi ya kile kilichomo katika mahindi. Mama anayechanganya unga wake anafanya kazi ya mtaalamu wa lishe pasipo kuitwa kwa jina hilo.

Sasa geukia upande wa mboga. Mafungu yamepangwa chini juu ya viroba: mnavu, mchicha, majani ya kunde, majani ya maboga, matembele, na mgagani wenye harufu kali. Mgagani ni mchungu, na watu wa huku wanajua dawa ya uchungu huo. Huuchemsha, kisha huupika polepole pamoja na maziwa mpaka uive na kulainika. Mtu aliyefunzwa vitabuni angesema kwamba vitamini A ya majani huingia mwilini vizuri zaidi ikipata mafuta kidogo, na kwamba maziwa yanayo mafuta hayo. Bibi zetu walisema tu kwamba unakuwa mtamu. Wote wawili wamesema kweli.

Mwisho kabisa, karibu na lango, wamekaa wauza dagaa. Hawa ni dagaa wa Ziwa Victoria waliokaushwa juani. Ni wadogo, wala hawamvutii mtu mwenye majivuno. Lakini samaki huyu huliwa mzima, pamoja na mifupa na kichwa chake, na akikauka vizuri zaidi ya nusu ya uzito wake ni protini. Hakuna mchinjaji wa nyama awezaye kukupa kiasi hicho kwa fedha ile ile.

Hesabu yetu ya kwanza ikawa hii: unga wa kuchanganya, fungu la mboga, na kibakuli kidogo cha dagaa. Yale makundi matatu tuliyofundishwa shuleni, vyakula vya kutia nguvu, vya kujenga mwili na vya kulinda mwili, yote yameenea katika kikapu kimoja, na hakuna hata kimoja kilichotoka katika duka lenye vioo. Tungeweza kurudi nyumbani siku ile ile na kuandika kwamba jambo ni rahisi. Lakini tulikuwa hatujazungumza na muuza makopa.

MANENO YA BIBI

Alikuwa bibi wa makamo ya juu, amejifunga kitenge begani, na magunia yake mawili yako mbele yake. Tulimwamkia.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, wajukuu zangu. Mmetoka mbali?"

Tukamweleza kwamba tumetoka mbali na kwamba tunaulizia chakula cha mtu asiye na fedha. Akacheka.

"Chakula cha asiye na fedha ndicho hiki," akasema, akitia mkono guniani. Akachukua kipande cha makopa, akakivunja. Kililia kama ukuni mkavu. "Sikilizeni hiyo sauti. Usiposikia hiyo sauti, usinunue. Huo haujakauka."

Tukamwuliza kwa nini anajali sana ukavu wa muhogo, kwani muhogo si muhogo tu? Hapo kicheko kikamtoka usoni.

"Ninyi ni watoto. Hamkuuona ule mwaka wa njaa, kabla Mwalimu hajang'atuka. Mtama ulikaukia shambani. Kilichobaki ni muhogo, tena ule mchungu. Watu waling'oa leo, wakataka kula kesho. Mtoto analia, utamwambia angoje siku ngapi?" Akanyamaza kidogo. "Muhogo haukimbizwi, wajukuu zangu. Ukiukimbiza, hukukamata miguu."

Tulidhani anasema kwa mafumbo. Kumbe alikuwa akisema habari iliyoandikwa katika vitabu vya waganga.

KILICHOTOKEA 1985

Msomaji, naomba utulie hapa, maana hapa ndipo penye kiini cha makala haya.

Mwaka 1985, baada ya ukame mkali, katika Wilaya ya Tarime kama ilivyokuwa wakati ule, kabla Wilaya ya Rorya haijamegwa kutoka kwake mwaka 2007, ulizuka ugonjwa wa ajabu. Mtu alilala mzima, na akiamka miguu yake yote miwili imekakamaa. Hakuwa na homa ya maana wala jeraha, na akili yake ilikuwa timamu. Lakini miguu ilikataa kumtii. Wengine walipata nafuu kidogo wakaweza kutembea kwa kunyata juu ya vidole, magoti yakigongana. Wengine walihitaji fimbo, na wengine hawakutembea tena. Waliopatwa walikuwa zaidi ya thelathini, na wengi wao walikuwa watoto na kina mama wenye umri wa kuzaa.

Madaktari W. P. Howlett, G. R. Brubaker, N. Mlingi na H. Rosling waliuchunguza mkasa huo, wakaueleza mwaka 1990 katika jarida la kitabibu liitwalo Brain. Ugonjwa huo ulikuwa konzo. Jina hilo ni la Wayaka wa Kwango huko Kongo, na maana yake ni miguu iliyofungwa. Daktari G. Trolli aliuandika kwa mara ya kwanza mwaka 1938. Mwaka 1981 ulikuwa umewapata watu zaidi ya elfu moja katika jimbo la Nampula, Msumbiji, nako pia ni wakati wa ukame.

Chanzo chake ni nini? Muhogo mchungu una asili ya sumu iitwayo sianidi. Mmea huitumia kujilinda na wadudu na wanyama, na ndiyo sababu wakulima huupenda: hauliwi na ngedere, huvumilia ukame, na waweza kukaa ardhini kama akiba ghalani. Ukimenywa, ukalowekwa au ukavundikwa, kisha ukaanikwa mpaka ukauke kabisa, sumu hiyo hutoka karibu yote. Kazi hiyo huchukua siku nyingi. Mwaka wa njaa hauna siku nyingi, na kazi hufupishwa.

Lakini hiyo ni nusu ya habari. Nusu ya pili ndiyo iliyotufanya tuandike. Mwili wa binadamu una uwezo wake wa kuizimua sumu ya sianidi inayobaki katika chakula. Ili kufanya hivyo huhitaji salfa, na salfa hiyo huipata katika protini bora: katika samaki, maziwa, nyama, mayai, na kwa kiasi fulani katika kunde na nafaka. Kwa hiyo aliyekula muhogo usiokomaa kwa maandalizi lakini pamoja na dagaa au maziwa, alikuwa na ngao. Aliyekula muhogo huo pamoja na mboga kidogo tu, wiki baada ya wiki, hakuwa nayo.

Fikiri basi, ndugu msomaji. Watu hao hawakukosa shibe kabisa. Tumbo lilipata kitu. Walichokosa ni viwili: siku chache za kuanika, na kijiko cha kitoweo. Vitu viwili ambavyo sisi sote, fedha inapopungua, huvikata kwanza. Tunasema, "Almuradi unga upo, kitoweo tutaona kesho." Hilo ndilo kosa nililolitaja mwanzo. Maskini hapaswi kununua shibe kwa kuuza afya, maana akiiuza hairudi. Konzo haina tiba.

JINSI YA KUULA MUHOGO KWA AMANI

Hatuandiki haya ili kumtisha mtu auache muhogo. Kuuacha muhogo huku ni sawa na kumwambia mvuvi auache mtumbwi. Tunaandika ili kila nyumba ijue desturi yake na sababu ya desturi hiyo.

Muhogo mchungu umenywe, ulowekwe majini kwa siku tatu au zaidi mpaka ulainike, au uvundikwe vizuri kama wafanyavyo watu wa udaga, kisha uvunjwevunjwe vipande vidogo na kuanikwa juani mpaka ulie kama ule wa bibi. Maji uliyolowekea yamwagwe, yasipikiwe.

Na kama umenunua unga sokoni, hujui ulitayarishwaje? Iko njia rahisi ambayo mtaalamu Howard Bradbury wa Chuo Kikuu cha Taifa cha Australia na wenzake waliieneza, na imefundishwa katika vijiji vya Afrika vyenye tatizo hili. Tia unga katika beseni, usawazishe, na weka alama ulipofikia. Ongeza maji huku ukikoroga. Unga utashuka kwanza, kisha utapanda tena. Ukifika penye ile alama, acha kutia maji. Sasa utandaze juu ya ungo au mkeka safi, unene usizidi sentimeta moja. Uache saa mbili juani, au saa tano kivulini, kisha upike ugali siku hiyo hiyo. Sehemu kubwa ya sumu iliyobaki huruka hewani. Njia hii haihitaji kuni wala fedha. Inahitaji saa chache tu, nayo ni nyongeza ya kuanika vizuri, wala si badala yake.

Kisha, usiuache muhogo peke yake sahanini. Changanya na mtama au ulezi, na uweke kitoweo pembeni, hata kiwe kidogo. Pika kwa chumvi yenye madini joto, kwa sababu sianidi hiyo hiyo huzidisha hatari ya rovu kwa mtu ambaye madini hayo yamempungukia.

NYAMONGO: FEDHA INAPOPITA HARAKA

Kutoka Tarime tulishika barabara ya Nyamwaga mpaka Nyamongo. Hapa hali ni tofauti. Ni mahali pa dhahabu, na fedha huonekana mikononi, ingawa haikai. Mtu aliyehama shambani akaja kuhangaika na mawe hana ulezi ghalani wala mgagani nyuma ya nyumba. Kila anachokula hukinunua, na hukinunua kikiwa kimepikwa.

Tuliwaona vijana wakifungua siku kwa chai yenye sukari nyingi na maandazi, mchana chipsi, na jioni soda ya kuondoa uchovu. Hatuwalaumu, kwani kazi ni ngumu na jiko hawana. Lakini tulimwona pia mama lishe mmoja aliyekuwa na sufuria tatu: maharage, ugali wa dona na mchicha. Sahani yake haikuwa ghali kuliko chipsi na soda. Tulipomwuliza nani hula kwake, alisema, "Wenye familia, ndugu zangu. Wale wanaotaka kupeleka kitu nyumbani."

Jaribu mwenyewe hesabu hii, popote ulipo. Andika kwa wiki moja fedha zote ulizotumia kwa sukari, soda, maandazi na vitu vya kutafunatafuna njiani. Ijumlishe. Kisha nenda sokoni uulize fedha hiyo ingekupatia maharage na dagaa kiasi gani. Wengi watagundua kwamba si kweli kwamba fedha ya kitoweo haikuwepo. Ilikuwepo, ila ilipita mlango mwingine.

MUGUMU NA MEZA YA NYUMBANI

Tuliuvuka tena Mto Mara na kuingia Wilaya ya Serengeti, tukafika Mugumu. Huku mvua ni za mashaka kuliko kule milimani, na mkulima hushindana na tembo watokao hifadhini. Usiku mmoja wa tembo waweza kuumaliza mwaka mzima wa mtama. Vilevile huku kuna kishawishi cha kimoro, yaani nyama ya porini iliyokaushwa. Mwenye kuipata bila kibali huhatarisha uhuru wake, na mara nyingine uhai wake. Baba akiwa gerezani, nyumba haili nyama wala mboga. Dagaa waliopanda basi kutoka ziwani ni kitoweo kisichomfunga mtu.

Huku pia tuliona mifugo mingi, na kwa hiyo maziwa. Maziwa yaliyoganda katika kibuyu, yakiliwa na ugali wa mtama, ni mlo ambao mfalme hawezi kuukataa. Lakini tulipouliza tuliambiwa kwamba sehemu kubwa ya maziwa huuzwa. Ndivyo ilivyo hata kwa mayai. Kuku anataga kumi, yote kumi yanakwenda sokoni, na fedha yake inarudi nyumbani ikiwa sukari. Hatusemi watu wasiuze, kwani karo na dawa havinunuliwi kwa maziwa. Tunasema kuwa kabla debe halijatoka mlangoni, kikombe cha mtoto kitoke kwanza debeni.

Liko jambo jingine ambalo ni zito kulisema, lakini gazeti la familia lisiposema, nani atasema? Katika nyumba nyingi kitoweo hugawanywa kwa heshima, si kwa haja. Baba hupewa minofu, wageni hupewa kinachofuata, na mama mjamzito pamoja na mtoto aliyeachishwa ziwa hupata mchuzi. Kumbuka ni nani waliopatwa na konzo mwaka ule wa 1985: watoto na kina mama. Kina baba wenzangu, heshima ya mwanaume haipungui akiusogeza mfupa wenye nyama kwa mkewe mwenye mimba. Siku elfu moja za kwanza, tangu mimba kutungwa mpaka mtoto atimize miaka miwili, ndizo zinazoamua kimo cha mwili wake na wepesi wa akili yake. Udumavu wa siku hizo ni vigumu mno kuufidia baadaye.

Kwa mtoto mdogo, uji wa ulezi uliotiwa karanga zilizosagwa, au dagaa waliosafishwa, wakakaushwa na kusagwa laini, ni bora kuliko uji mweupe wa sukari. Uji usiwe mwepesi kama maji, kwa kuwa tumbo la mtoto ni dogo na hujaa kabla hajapata kitu. Tangu miaka ya 1980 wataalamu wetu wa lishe wamekuwa wakishauri matumizi ya kimea: ulezi au mtama ulooteshwa, ukakaushwa na kusagwa. Kijiko kidogo cha kimea hicho hulainisha uji mzito ukanyweka bila kuongezewa maji, halafu uchemke tena kidogo kabla ya kumpa mtoto.

MIZANI YA WIKI

Basi tujumlishe. Ukiwa na fedha kidogo, ipange kwa wiki, usiipange kwa siku. Nunua kwanza kitoweo, ndipo ununue unga kwa inayobaki, badala ya kufanya kinyume chake kama tulivyozoea. Kopo moja la dagaa lililogawanywa siku saba hujenga mwili kuliko kilo ya nyama iliyoliwa Jumapili na mchuzi mtupu siku sita. Siku usiyo na dagaa weka maharage, kunde au choroko. Ziloweke usiku kucha, kwani zitaiva upesi na utaokoa kuni au mkaa, ambao nao ni sehemu ya gharama ya chakula.

Mboga za majani zisikose hata siku moja. Zioshe kabla ya kuzikata, zipike kwa muda mfupi katika maji machache, na usiyamwage maji hayo isipokuwa kwa zile zilizo chungu sana. Tia mafuta kidogo, karanga au maziwa. Wakati wa mvua, mboga zinapokuwa nyingi na rahisi, zianike kivulini na uziweke kwa kiangazi. Maji uliyooshea vyombo yasimwagwe ovyo. Tuta moja la mchicha na matembele karibu na jiko linayangoja. Kama una nafasi, panda viazi vitamu vyenye nyama ya rangi ya chungwa, ambavyo vina vitamini A nyingi.

Papai, pera, embe la msimu au ndimu iliyokamuliwa juu ya mboga huusaidia mwili kufyonza madini ya chuma yanayoongeza damu. Chai huyazuia, kwa hiyo usinywe chai pamoja na chakula, ila ingoje saa moja hivi. Hilo nalo halina gharama.

Wasomaji wetu wa makamo wataikumbuka kampeni ya mwaka 1975, Chakula ni Uhai, iliyosikika redioni na katika madarasa ya watu wazima, miaka miwili baada ya ile ya Mtu ni Afya. Maneno hayo hayajachakaa. Lakini baada ya safari hii tungependa kuyaongezea neno dogo: chakula ni uhai, na maandalizi yake ni uhai pia. Saa ambazo mama anazitumia kuloweka, kuanika na kupepeta si saa za bure. Ni sehemu ya mlo wenyewe. Anayemsaidia kuteka maji na kukata kuni anampa nafasi ya kutouharakisha muhogo, na kwa hiyo naye amepika.

Siku ya kurudi tulipita tena sokoni Tarime. Bibi alikuwa pale pale na magunia yake. Tulinunua kibaba cha makopa, na kabla ya kulipa kila mmoja wetu alitwaa kipande akakivunja na kusikiliza. Kililia.

"Haya," akasema bibi, akipokea fedha yake, "sasa mmekuwa wakubwa. Mkifika kwenu, msisahau dagaa."

Nasi tunakuambia hivyo hivyo, ndugu msomaji.